Kalamu, Mfuko na Kamera: Mweze Ngangura na Sinema ya Kivu

Filamu zilizoiweka Kivu mbele ya macho ya dunia katika miaka hii 20 karibu zote zimebeba majina ya wageni. Lisa F. Jackson, Mmarekani, alitoa mwaka 2007 filamu ya hali halisi kuhusu wanawake waliobakwa mashariki mwa Kongo. Thierry Michel, Mbelgiji, alimfuata daktari Denis Mukwege katika hospitali ya Panzi, na filamu yake ya mwaka 2015 ikapigwa marufuku na serikali ya Kinshasa kwa muda kabla ya kuruhusiwa. Mwaka huohuo Milo Rau kutoka Uswisi aliketisha mahakama ya jukwaani mjini Bukavu, katika shule ya Alfajiri, na mwaka 2017 filamu yake ikatoka. Kazi hizi zina thamani, na baadhi zilisema mambo ambayo hapa kwetu yalikuwa hatari kuyatamka. Hata hivyo mtu wa Kalehe, anayekaa kando ya barabara wanayopita wapiga picha wote hao kutoka Bukavu kwenda Minova na Goma, ana haki ya kuuliza: ni lini mmoja wetu aliandika hadithi, akaitafutia pesa mwenyewe, na akaiongoza mwenyewe hadi ikaonyeshwa?

Yupo aliyefanya hivyo, na alizaliwa Bukavu mwaka 1950. Mweze Dieudonné Ngangura ndiye Mkongomani wa kwanza, na hadi leo wa pekee, kutwaa Farasi wa Dhahabu wa Yennenga, tuzo kuu ya tamasha la FESPACO la Ouagadougou. Aliitwaa mwaka 1999 kwa filamu "Pièces d'identités" aliyoiandika, kuitayarisha na kuiongoza. Kwa wapenzi wa sinema wa Kinshasa au Brussels hilo si jambo geni. Kwa vijana wa Kivu Kusini wanaojifunza leo kushika kamera, jina lake halitajwi inavyostahili, na nadhani hasara hiyo ni kubwa kuliko inavyoonekana. Maisha yake ya kazi yanajibu karibu maswali yote wanayojiuliza: pesa zinatoka wapi, lugha gani itumike, nani ana neno la mwisho, na kwa nini mtu mwenye kipaji anaweza kukaa zaidi ya miaka 10 bila filamu ndefu mpya ya kubuni.

Kwanza tukumbuke alikozaliwa. Mwaka 1936 serikali ya kikoloni ya Ubelgiji ilikataza kupiga filamu nchini Kongo bila kibali. Mwaka 1945 ikatoa amri iliyozuia kumwingiza kwenye ukumbi wa sinema mtu asiye Mzungu wala Mwasia, isipokuwa kwa filamu zilizopitishwa na wakaguzi. Bukavu yenyewe ilikuwa kituo cha sinema ya kimisionari: Mapadre Weupe walitengeneza hapo filamu fupi za kuwafunza wenyeji usafi, utii na maisha mema ya Kikristo. Katika filamu hizo Mwafrika alicheza, akacheka, akaadhibiwa, lakini hakuandika lolote. Mtoto aliyezaliwa Bukavu mwaka 1950 alikua katika mji ambamo kamera ilikuwa mali ya padre au ya serikali. Ngangura alikwenda Ubelgiji kusomea sinema katika chuo cha IAD, akamaliza katikati ya miaka ya 1970, akarudi nyumbani kufundisha katika Institut National des Arts mjini Kinshasa. Kazi yake ya kwanza iliyosikika sana ilikuwa "Kin Kiesse" ya mwaka 1982, filamu fupi ya hali halisi kuhusu Kinshasa ikielezwa na mchoraji Chéri Samba: baa, muziki, mavazi ya fahari, maringo ya mtu asiye na senti mfukoni. Ndani yake kuna jambo moja ambalo halikumwacha tena. Alipenda furaha ya watu wa kawaida, na aliiona kuwa jambo zito.

Mwaka 1987 ikaja "La Vie est belle". Wengi wanaijua kwa sababu ya mwimbaji Papa Wemba, aliyecheza kama Kourou, mwanamuziki wa kijijini anayekwenda Kinshasa kutafuta umaarufu. Naomba tuitazame kama kazi ya mwandishi. Kourou anapata kazi ya uboyi katika nyumba ya tajiri Nvouandou, mwenye klabu ya muziki. Nvouandou amepoteza nguvu za kiume, na mganga anamwambia aoe msichana bikira lakini asimguse kwa muda aliowekewa. Msichana anayempata ni Kabibi, ambaye Kourou tayari amempenda. Tajiri na boyi wake wanamtaka msichana mmoja, na hakuna anayejua siri ya mwenzake. Mke wa kwanza naye ana hesabu zake. Kuanzia hapo filamu inakwenda kwa nguvu ya hila, mlango unaofunguliwa wakati usiofaa, na mtu anayesikia nusu ya maneno. Hayo hayatokei kwa bahati mbele ya kamera. Yanapangwa mezani kwa kalamu, ukurasa kwa ukurasa, hadi kila kicheko kijue kinaanzia wapi. Mtazamaji wa Kinshasa alijiona humo akiwa na tamaa, ujanja, aibu na muziki wake, wala hakuonyeshwa kama mtu wa kuhurumiwa.

Lakini uongozaji wa filamu hiyo una majina mawili: Ngangura na Benoît Lamy, Mbelgiji aliyekuwa tayari na jina huko kwao. Hata mswada una mikono zaidi ya mmoja. Pesa zilitoka Ubelgiji, Ufaransa na Zaire. Simlaumu Lamy, kwa sababu bila ushirikiano wa aina hiyo filamu isingekuwepo. Ninachotaka kionekane ni jinsi mambo yanavyofanya kazi. Mfuko wa Ulaya unapotoa pesa, mara nyingi hudai sehemu yake itumike hukohuko: fundi wa sauti atoke kule, uhariri ufanyike kule, na pengine jina la mtu wanayemfahamu liwekwe kando ya jina lako. Mtayarishaji ndiye anayekaa katikati ya madai hayo. Ndiye anayejua mkataba unasema nini kuhusu toleo la mwisho, nani atamiliki haki baada ya miaka kadhaa, na filamu itaonyeshwa wapi kwanza. Mwandishi asiye na mtayarishaji wa kumtetea huletewa hadithi yake ikiwa imebadilishwa, na hana pa kulalamikia. Naamini hii ndiyo sababu Ngangura alijiongezea kazi ya tatu, utayarishaji. Alikuwa na kampuni yake Kinshasa, Sol'Œil Films, kisha akawa na Films Sud nchini Ubelgiji. Watu husema mtu wa namna hii anataka kushika kila kitu. Mimi naona ulinzi tu: katika nchi isiyo na mfuko wa taifa wa sinema unaofanya kazi, anayeandika bila kutayarisha anaiacha hadithi yake barabarani.

Kati ya filamu ndefu mbili alipiga kazi fupi na za hali halisi, na moja inatuhusu sisi wa Kivu Kusini moja kwa moja. "Le Roi, la vache et le bananier" ya mwaka 1994 ni simulizi ya kurudi Ngweshe, katika usultani wa Bashi ambako ukoo wake una mizizi. Mwami, yaani mfalme, ng'ombe na mgomba: ukivijua vitatu hivyo unajua mahari inalipwaje, pombe ya ndizi inanywewa na nani na kwa heshima gani, na shamba linatolewa na nani kwa masharti yapi. Mhavu wa Kalehe ataitazama akiona tofauti za desturi, lakini mengi atayatambua kama ya kwao: ng'ombe kama akiba na kama neno la heshima kati ya familia mbili, mgomba nyuma ya kila nyumba, na mamlaka ya mwami yakisimama kando ya mamlaka ya serikali bila kumezwa. Ngangura alikuwa anaongoza akiwa mtu wa ndani aliyekaa mbali kwa muda mrefu, na nafasi hiyo inampa maswali ambayo mgeni hawezi kuyauliza na mwenyeji asiyetoka hafikirii kuyauliza. Mwaka 1994 ndio mwaka ambao wakimbizi wa Rwanda walifurika Kivu, na tangu hapo kamera karibu zote zilizokuja zilifuata kambi, silaha na makaburi. Filamu hii inabaki kuwa moja ya picha chache za Kivu Kusini zilizopigwa na mtu aliyetaka kujua watu wanaishije, siyo wanakufaje.

"Pièces d'identités" ilifuata mwaka 1998. Mani Kongo, mfalme mzee wa Bakongo aliyechezwa na Mkameruni Gérard Essomba, anapanda ndege kwenda Ubelgiji kumtafuta binti yake Mwana, aliyempeleka huko akiwa na umri wa miaka 8 ili asome awe daktari. Habari zake zimekatika miaka mingi. Mzee anafika akiwa amevaa kofia na mapambo ya ufalme, na katika mitaa ya Brussels vitu vilivyowafanya watu wa kwao wapige magoti vinakuwa bidhaa za duka la vitu vya kale. Binti hakuwa daktari. Kuna dereva wa teksi, Chaka-Jo, chotara asiyewajua wazazi wake. Hadithi inawasogeza hawa watatu polepole hadi wanakutana, na inafanya hivyo kwa utani, nyimbo na mshangao, kama hadithi za bibi. Wapo wakosoaji walioiona rahisi mno, mwisho wake mtamu kupita kiasi. Sikubaliani nao kabisa, ingawa naona wanachokiona. Ngangura aliwahi kuandika makala akiuliza kama sinema ya Afrika ni uanaharakati au burudani, na msimamo wake ulikuwa kwamba filamu isiyompata mtazamaji wa nyumbani haijamtetea yeyote. Mwisho mtamu ulikuwa uamuzi wa mtu anayejua ukumbi wake. Alipopokea tuzo Ouagadougou mapema mwaka 1999, Bukavu alikozaliwa ilikuwa mikononi mwa waasi wa RCD tangu Agosti 1998. Mji ulikuwa na mambo mengine ya kufikiria, na pengine ndiyo sababu ushindi ule haukutua hapa kama ulivyostahili.

Kutoka "La Vie est belle" hadi "Pièces d'identités" ni miaka 11. Kisha ikaja "Les Habits neufs du gouverneur" katikati ya miaka ya 2000, filamu ya muziki iliyochukua ngano ya Andersen kuhusu mfalme na nguo zisizoonekana na kuihamishia kwa gavana wa Kiafrika. Filamu ndefu za kubuni zilizosikika kwa upana ni hizo tatu, katika kazi ya miaka zaidi ya 30. Kwa nini chache hivyo?

Mfano wa kunisaidia uko mbali, Japani. Kaneto Shindo alizaliwa Hiroshima mwaka 1912 na akafa mwaka 2012 akiwa na miaka 100. Aliandika miswada zaidi ya 200, nyingi kwa ajili ya waongozaji wengine, na yeye mwenyewe akaongoza filamu zaidi ya 40. Mwaka 1950 aliacha kampuni kubwa akaanzisha ndogo ya kwao pamoja na wenzake, kwa sababu walichotaka kuandika hakikukubalika kule. Miaka 10 baadaye kampuni hiyo ilikuwa karibu kufilisika. Shindo akachukua kikundi kidogo cha watu, waigizaji wawili wakubwa, na kwenda kwenye kisiwa kidogo kisicho na maji. "Kisiwa Tupu" ya mwaka 1960 inaonyesha mume na mke wanaovuka bahari kwa mtumbwi kila siku kuchota maji kwenye kisiwa cha jirani, kisha kuyapandisha mlimani kwa mizegazega hadi kwenye mimea yao. Karibu hakuna neno linalosemwa. Mke anajikwaa, ndoo moja inamwagika, mume anampiga kofi moja, kisha wanaendelea na kazi. Baadaye mtoto wao anakufa. Siku moja mama anamwaga maji kwa makusudi, anang'oa mimea, analia chini. Mume anamtazama bila kusema lolote. Mke anainuka, wanaendelea kumwagilia. Filamu ilishinda tuzo kuu ya Moscow mwaka 1961, ikauzwa nchi nyingi, na kampuni ikaokoka. Mwanamke yeyote anayepanda na kidumu cha maji kutoka ziwani Kivu hadi vilima vya juu ya Ihusi, huku Kalehe, angeielewa filamu hiyo bila tafsiri.

Shindo na Ngangura wote walikuwa wakielekea umri wa miaka 50 walipopata ushindi wao mkubwa. Tofauti ilikuwa katika kilichofuata. Shindo alikuwa na soko: makampuni yaliyonunua miswada yake, kumbi katika kila mji, watazamaji wa lugha moja walionunua tiketi. Hata filamu yake ilipoanguka, uandishi kwa ajili ya wengine ulimlisha. Ngangura hakuwa na hata kimoja. Kumbi za Kinshasa ziligeuka makanisa moja baada ya nyingine, nakala za wizi zilijaa sokoni, na hakukuwa na kampuni ya kumuuliza kama ana mswada wa kuuza. Kila filamu ilibidi aianze kwa kubisha hodi Ulaya. Kazi tatu mikononi mwa mtu mmoja zilikuwa uhuru kwa Shindo. Kwa Ngangura zilikuwa uhuru pia, lakini zilimla miaka yake, kwa sababu muda aliopaswa kuandika aliutumia kujaza maombi ya fedha.

Hapa ndipo suala la lugha linapoingia. Filamu zake ndefu zinasema zaidi Kifaransa, lugha ya wafadhili na ya kumbi za Ulaya. Hakuwa na njia nyingine wakati ule, nadhani, lakini matokeo yake ni kwamba hazikuwa na soko la jirani. Sisi wa Kivu tunalo. Kiswahili kinavuka Ziwa Tanganyika kwenda Kigoma, kinapita Bujumbura, kinafika Dar es Salaam na Mombasa. Steven Kanumba wa Tanzania, aliyefariki Aprili 2012 akiwa bado kijana wa miaka 28, aliigiza, akaandika, akaongoza na kutayarisha, na sinema zake ziliangaliwa Bukavu na Uvira katika vibanda vya video bila tamasha lolote la Ulaya kumtambulisha. Ubora wa kazi nyingi za wakati ule ulikuwa mdogo, na waliozitengeneza mara nyingi waliuza haki zote kwa msambazaji kwa malipo ya mara moja. Ila soko lilionekana. Kampala nako Isaac Nabwana amekuwa akiandika, akiongoza na kutayarisha filamu za mapigano katika mtaa wa Wakaliga kwa bajeti ndogo sana, na "Who Killed Captain Alex?" yake ya mwaka 2010 ilianza kwa kuuzwa mkono kwa mkono.

Mashariki mwa Kongo njia nyingine imefunguliwa na waongozaji wa filamu za hali halisi. Petna Ndaliko Katondolo alijenga Yole!Africa huko Goma, mahali ambapo vijana wengi walijifunza kushika kamera na kubishana kuhusu picha. Dieudo Hamadi wa Kisangani alianza "Maman Colonelle" ya mwaka 2017 hapahapa Bukavu, akimfuata afisa wa polisi anayelinda watoto na wanawake. Mwaka 2020 filamu yake kuhusu majeruhi wa vita vya siku sita vya Kisangani, wanaosafiri kwa mashua hadi Kinshasa kudai fidia, ilikuwa ya kwanza kutoka Kongo kuingia orodha rasmi ya Cannes. Na Mholanzi Joris Postema alipotoa "Stop Filming Us" kuhusu Goma, Bernadette Vivuya na Kagoma Ya Twahirwa walichukua picha zilezile wakatengeneza jibu lao, lililotoka mwaka 2022. Nayaheshimu haya yote. Hata hivyo hadithi ya kubuni bado inatudai. Mwaka 2019 tuzo ya Farasi wa Dhahabu ilikwenda kwa Joel Karekezi, Mnyarwanda, kwa filamu kuhusu askari wawili wa Rwanda waliopotea mwaka 1998 katika misitu ya Kongo, iliyopigwa Uganda. Ni filamu nzuri. Msitu tunaouona kutoka Kalehe ukipanda kuelekea Kahuzi umepata hadithi yake kubwa kutoka kwa kalamu ya jirani.

Hadithi za kuandika zipo hapa Kalehe. Tarehe 4 Mei 2023, siku ya soko, mito ilishuka juu ya vijiji vya Bushushu na Nyamukubi, na watu zaidi ya 400 wakafa. Kamera zilikuja kwa siku kadhaa, zikapiga picha za mawe, miti iliyong'oka na maiti waliofunikwa, zikaondoka. Sijaona aliyepiga picha za mwezi wa sita baada ya msiba: mjane anayebishana na shemeji juu ya shamba ambalo mipaka yake imefutwa na tope, mwalimu anayeita majina darasani na kunyamaza kidogo baada ya jina moja, mvuvi wa sambaza anayerudi ziwani usiku na taa zake kwa sababu watoto waliobaki wanakula. Mambo hayo hayapatikani kwa kukimbia na kamera. Yanahitaji mtu akae, asikilize, aandike, afute, aandike tena. Karatasi haihitaji umeme wala kibali.

Januari 2025 waasi wa M23 waliingia Minova, na Februari wakaingia Bukavu. Benki zilifungwa, uwanja wa ndege wa Kavumu ukanyamaza, na kupiga filamu barabarani kukawa kujihatarisha. Najua ni ukatili kumwambia kijana wa Kalehe aandike mswada wakati huu. Lakini kati ya kazi tatu za Ngangura, hiyo ndiyo pekee anayoweza kuifanya leo bila kumwomba mtu. Aandike kwa Kiswahili chake cha ziwani, kwa waigizaji wachache na mahali pachache, kama Shindo kisiwani. Ajisomee mikataba ya ushirikiano wa utayarishaji mapema, kabla mfadhili hajabisha hodi, na ajue kipengele cha haki kinasema nini. Aweke nakala ya mswada mahali pengine, nje ya nyumba, kwa mtu anayemwamini. Na barabara ikifunguka, awe na kurasa 90 mkononi, zenye jina lake kwenye jalada.